Ulikuwa Wapi? Historia ya Swali Moja kutoka Kariakoo hadi Kisutu

Wahenga walisema: asiyekuwapo na lake halipo. Methali hiyo ilikusudiwa mgawo, ambako anayechelewa hukuta sinia tupu. Katika kesi ya jinai mambo hugeuka. Mtu aliyeshtakiwa kwa unyang'anyi uliofanyika Manzese saa tatu usiku, ikiwa saa hiyo alikuwa akishusha magunia Kariakoo, hana utetezi bora kuliko kutokuwapo kwake. Wanasheria huuita utetezi huo alibi, neno la Kilatini lenye maana ya "mahali pengine".

Utetezi huu una sharti lake. Sheria yetu inamtaka mshtakiwa autangaze kabla kesi haijaanza kusikilizwa. Akikaa nao kimya mpaka siku ya kujitetea, mahakama ina hiari ya kutoupa uzito wowote. Wanafunzi huuliza: kama mshtakiwa hana wajibu wa kuthibitisha kwamba hana hatia, kwa nini alazimishwe kuufunua utetezi wake mapema? Swali ni la haki, na jibu lake limo katika historia. Katika makala haya nitajaribu kuonyesha kwamba kanuni hiyo ilizaliwa na miguu miwili, kwamba sheria iliyotungwa baadaye iliandika mguu mmoja tu, na kwamba wanaoumizwa na upungufu huo ni watu wa aina ile ile ambayo Kariakoo imeishi kwa jasho lao tangu ilipopata jina.

Swali la mtaani

Kariakoo ilipewa jina na wapagazi. Waingereza walipoutwaa mji wa Dar es Salaam mwaka 1916, kikosi chao cha wabeba mizigo, Carrier Corps, kilipiga kambi mahali hapo, na ulimi wa Kiswahili ukalitengeneza jina la kikosi hicho mpaka likawa letu. Baada ya vita, utawala mpya uliendeleza mgawanyo wa mji katika kanda tatu: Uzunguni, Uhindini, na Kariakoo kwa Waafrika, huku uwanja wa Mnazi Mmoja ukiachwa wazi katikati kama mpaka.

Mji uliogawanywa hivyo ulihitaji kujua kila mtu yuko wapi. Kanuni za miji zilimzuia Mwafrika kutembea usiku bila kibali. Mwaka 1944 ilitungwa sheria ya kuwaondoa mijini watu wasiotakiwa, ambayo iliwawezesha watawala kumrudisha kijijini mtu asiye na kazi ya kudumu wala njia ya maisha inayokubalika machoni pao. Kanuni ya Adhabu nayo ilikuwa na makosa ya uzururaji, ambayo yamebaki katika vitabu vyetu baada ya Uhuru: mtu aliyekutwa mahali na wakati unaotia shaka aliweza kushtakiwa kwa kuwapo kwake tu.

Katika mitaa ya Kariakoo, basi, swali la "ulikuwa wapi na ulikuwa ukifanya nini?" halikusubiri kosa. Askari aliliuliza kwanza, na aliyeulizwa ndiye aliyepaswa kutoa uthibitisho. Tabia hiyo haikuondoka na bendera ya mkoloni. Sheria ya Nguvu Kazi ya mwaka 1983, iliyokusudiwa kumpa kila mwenye uwezo kazi ya kufanya, ilitekelezwa mijini kwa misako na kwa vitambulisho vya kazi. Mchuuzi aliyekuwa na biashara yake ndogo, lakini hakuwa na karatasi ya kuieleza, alijikuta tena akidaiwa maelezo ya mahali alipo.

Nimeanza mtaani kwa makusudi. Mahakamani tunafundishwa kwamba mzigo wa kuthibitisha ni wa Jamhuri. Lakini mtu wa kawaida wa Kariakoo huingia mahakamani akiwa na kumbukumbu ya vizazi vitatu au vinne vinavyojua kwamba mbele ya dola anayeeleza alikokuwa ni yeye. Sharti la kutangaza alibi linamfikia akiwa na kumbukumbu hiyo.

Swali la mahakamani

Sheria ya ushahidi ya Tanganyika ilitoka India. Kuanzia mwaka 1920 Waingereza walizitumia hapa sheria kadhaa walizokuwa wametunga kwa ajili ya koloni hilo, ikiwamo Sheria ya Ushahidi ya India ya mwaka 1872. Sheria hiyo ilikuwa na mifano ya kuwasaidia mahakimu. Mmoja ulihusu mtu anayetaka mahakama iamini kwamba wakati wa tukio alikuwa mahali pengine, na jibu lililotolewa lilikuwa fupi: ni lazima athibitishe. Kwa hakimu wa wilaya aliyesoma mfano huo, alibi ilikuwa deni la mshtakiwa.

Mwaka 1935, Baraza la Malodi la Uingereza lilitoa uamuzi katika shauri la Woolmington, uliotamka kwamba wajibu wa kuthibitisha hatia ni wa upande wa mashtaka tangu mwanzo hadi mwisho, isipokuwa katika mambo machache sana. Uamuzi huo ulisafiri hadi Afrika ya Mashariki, na majaji wakalazimika kuuliza: kama mshtakiwa hana wajibu wa kuthibitisha, alibi yake tuitazameje?

Jibu muhimu lilitolewa mwaka 1939 na Mahakama ya Rufani ya Afrika ya Mashariki katika shauri la Sukha Singh. Majaji walisema kwamba mtu anayedai alikuwa mahali pengine yampasa aseme mapema kadiri awezavyo, kwa sababu mbili. Ya kwanza: akisubiri miezi mingi ndipo aseme, watu wataona shaka kwamba huenda muda huo aliutumia kuitunga hadithi. Ya pili: akisema mapema, upande wa mashtaka utapata nafasi ya kwenda kuchunguza, na ukiridhika kwamba madai yake ni ya kweli, kesi itakoma.

Naomba msomaji ashike vizuri sababu ya pili, kwa kuwa ndiyo kiini cha hoja yangu. Majaji wa mwaka 1939 hawakumtaka mshtakiwa aseme mapema ili tu wampime uaminifu. Walimtaka aseme ili mtu aende akahakikishe. Walichukulia kwamba taarifa ya alibi ikishatolewa itaanzisha kazi upande wa pili: mpelelezi atafunga safari, atawauliza waliotajwa, na mwenye mashtaka atakuwa tayari kuyaacha iwapo ukweli utadai hivyo. Hiyo ndiyo miguu miwili niliyoitaja: mshtakiwa anasema, na dola inachunguza.

Mwaka 1963 mzigo wa kuthibitisha nao uliwekwa sawa. Katika mashauri ya Leonard Aniseth na Saidi Mwakawanga, yote yakiwa katika ripoti za sheria za Afrika ya Mashariki za mwaka huo, ilielezwa kwamba anayetoa alibi habebi wajibu wa kuithibitisha. Inatosha ikiwa maelezo yake yanaingiza shaka ya maana katika akili ya mahakama. Ule mfano wa Kihindi wa "ni lazima athibitishe" ukawa umepoteza nguvu, na miaka minne baadaye Bunge likatunga Sheria ya Ushahidi ya mwaka 1967 kuchukua nafasi ya ile ya India.

Mguu ulioandikwa

Kwa miongo kadhaa, kusema mapema kuliendelea kuwa fundisho la majaji kuhusu uzito wa ushahidi. Katikati ya miaka ya 1980 fundisho hilo liliandikwa kuwa sheria, na mazingira yake yanafaa kukumbukwa.

Mwaka 1983 nchi ilipita katika msako wa wahujumu uchumi, nao wafanyabiashara wa Kariakoo waliuonja. Sheria ya dharura iliyotungwa mwaka huo iliwapeleka watuhumiwa mbele ya baraza maalumu, bila mawakili na bila rufaa kwa mahakama za kawaida. Mwaka uliofuata ilitungwa Sheria ya Kudhibiti Uhujumu Uchumi ya 1984, iliyorudisha kesi hizo chini ya Mahakama Kuu. Nayo ina kifungu kinachomtaka mshtakiwa aeleze alibi yake mapema. Mwaka huohuo Haki za Binadamu ziliingizwa katika Katiba, na Ibara ya 13(6) ikatamka kwamba mshtakiwa asitendewe kama mkosaji mpaka ithibitike kuwa anayo hatia. Kisha ikaja Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai ya 1985.

Kifungu cha 194 cha sheria hiyo, kwa hesabu ya vifungu tuliyoizoea, kina ngazi tatu. Kwanza, mshtakiwa anayekusudia kutumia alibi atoe taarifa kwa mahakama na kwa upande wa mashtaka kabla ya kesi kusikilizwa. Pili, asipofanya hivyo, awape waendesha mashtaka maelezo ya alibi hiyo wakati wowote kabla hawajafunga ushahidi wao. Tatu, akiitoa bila kufuata utaratibu huo, mahakama kwa hiari yake inaweza kutoipa uzito wa aina yoyote.

Mahakama ya Rufani ililainisha makali ya ngazi ya tatu katika shauri la Charles Samson, lililoripotiwa mwaka 1990. Ilisema kwamba hata pale taarifa haikutolewa, mahakama haina ruhusa ya kujifanya haijaisikia alibi. Ni lazima iitazame, ndipo iamue kama itaipa uzito au la. Uamuzi huo ni ngao muhimu, na kila mwanaharakati anayewasaidia mahabusu anapaswa kuujua.

Hata hivyo, tukikisoma kifungu chenyewe tukiwa na shauri la Sukha Singh mkononi, tunaona pengo. Wajibu wa mshtakiwa umeandikwa, na hatari ya kutoutimiza imeandikwa. Wajibu wa anayepokea taarifa haukuandikwa. Hakuna maneno yanayomwamuru mpelelezi akachunguze, wala yanayoitaka Jamhuri iieleze mahakama ilifanya nini baada ya kupokea majina na mahali. Mguu wa pili ulibaki katika ripoti ya mwaka 1939.

Wengine waliotunga sheria za namna hii walikutana na tatizo hilohilo. Uingereza iliweka sharti la taarifa ya alibi katika sheria ya mwaka 1967, lakini ikaongeza kwamba mshtakiwa ambaye hakuelezwa kuhusu sharti hilo asinyimwe ruhusa ya kuleta ushahidi wake. Nchini Marekani, Mahakama ya Juu ilikubali mwaka 1970, katika shauri la Williams dhidi ya Florida, kwamba taarifa kama hiyo haivunji Katiba. Miaka mitatu baadaye, katika shauri la Wardius dhidi ya Oregon, ikaweka mpaka: dola haiwezi kumlazimisha mshtakiwa afunue mashahidi wake wa alibi huku yenyewe ikiwaficha mashahidi wa kuipinga. Katika nchi zote mbili fikra ni moja, kwamba anayedai kuambiwa mapema anapaswa naye kutoa kitu.

Mpagazi wa Shimoni

Tuchukue mfano wa kubuni. Kijana ni mpagazi katika soko la Kariakoo, jengo lililosanifiwa na Beda Amuli na kufunguliwa katikati ya miaka ya 1970. Usiku mmoja anashusha viazi kutoka kwenye lori kwenda Shimoni, ghala la chini ya soko. Wiki mbili baadaye anakamatwa kwa unyang'anyi wa kutumia silaha uliotokea usiku huo upande mwingine wa jiji. Shahidi mmoja anasema alimtambua kwa mwanga wa taa.

Kijana huyu ana alibi, lakini alibi yake imo katika vichwa vya watu. Dereva wa lori amesharudi Njombe. Mama lishe aliyemuuzia chai hajui jina lake la hati ya mashtaka. Anamjua kwa jina la utani. Wenzake wa zamu hawakumbuki tarehe. Wanakumbuka kwamba ilikuwa siku moja baada ya Simba na Yanga kucheza, au usiku wa kuamkia Idi. Hiyo ndiyo kalenda ya mtaa, na mpelelezi mwenye nia njema anaweza kuigeuza kuwa tarehe kwa nusu saa. Baada ya mwaka mmoja, hata kalenda hiyo itakuwa imefutika.

Yeye mwenyewe yuko rumande. Kosa lake halina dhamana. Hana wakili, kwa kuwa msaada wa kisheria, licha ya Sheria ya mwaka 2017, haumfikii kila anayeuhitaji. Siku ya kwanza kituoni alimwambia askari, "Usiku ule nilikuwa Shimoni napakua mzigo." Anaamini ameshasema. Hajui kwamba kifungu kinazungumzia taarifa kwa mahakama na kwa upande wa mashtaka. Siku ya usikilizwaji wa awali anaulizwa mambo asiyoyabishia. Anakubali jina lake na makazi yake, kisha anakaa. Mwaka mmoja na nusu baadaye, anaposimama kujitetea na kusema alikuwa Shimoni, mwendesha mashtaka anainuka: utetezi huu hatukupewa taarifa yake, bila shaka umebuniwa.

Angalia jinsi sababu ya kwanza ya majaji wa mwaka 1939 inavyotumika dhidi yake, ilhali ya pili haikupewa nafasi. Alisema mapema, hakuna aliyekwenda kuangalia. Tajiri aliyekuwa hotelini usiku huo angekuwa na risiti, picha za kamera na wakili wa kuandika taarifa asubuhi iliyofuata. Kanuni moja inawapima wote wawili.

Siku hizi simu imebadilisha mambo kwa kiasi. Muamala wa fedha kwa simu huacha saa na tarehe, na minara huacha alama ya eneo. Lakini rekodi hizo zimo mikononi mwa makampuni, na mahabusu hawezi kuzifuata. Dola inaweza. Hii ni sababu nyingine ya kuufufua mguu wa pili: ushahidi wa alibi wa zama zetu uko mahali ambako mchunguzi wa serikali peke yake ndiye mwenye ufunguo.

Arusha, 2016

Anayedhani hofu hii ni ya darasani tu alitazame shauri la Mohamed Abubakari, lililoamuliwa tarehe 3 Juni 2016 na Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Arusha. Mlalamikaji alikuwa akitumikia kifungo cha miaka 30 kwa unyang'anyi wa kutumia silaha, baada ya kuhukumiwa Moshi. Miongoni mwa malalamiko yake lilikuwapo hili, kwamba utetezi wake wa alibi haukupimwa ipasavyo.

Mahakama hiyo ilimkubalia. Ilieleza kwamba alibi ikithibitika kwa yakini inaweza kuamua suala zima la hatia, na kwamba ilikuwa muhimu zaidi kuichunguza kwa makini pale ambapo mashtaka yalitegemea maelezo ya shahidi mmoja bila gwaride la utambulisho kufanyika. Iliona kuwa haki ya kusikilizwa kwa usawa chini ya Ibara ya 7 ya Mkataba wa Afrika ilikiukwa, na pia kwamba mtu huyo alipaswa kupewa msaada wa kisheria.

Mwezi Novemba 2019 serikali yetu ilitoa taarifa ya kuondoa tamko lililowaruhusu watu binafsi kuishtaki moja kwa moja katika mahakama hiyo. Mlango aliopitia mfungwa yule wa Moshi ulifungwa mwaka mmoja baadaye. Hivyo kama alibi ya mpagazi wetu haitachunguzwa hapa nyumbani, hawezi tena kuipeleka mwenyewe katika mahakama hiyo.

La kufanya

Sipendekezi sharti la taarifa lifutwe. Kusema mapema kunamfaa zaidi asiye na hatia, kwa kuwa mashahidi wake huhama na kumbukumbu zao huchakaa. Chelewa chelewa utakuta mwana si wako. Na kwa mshtakiwa, utakuta dereva amebadilisha njia na kibanda cha chai kimehamishwa. Ninachopendekeza ni kwamba sheria irudishiwe mguu wake wa pili, kwa mambo matatu.

La kwanza, hakimu amweleze mshtakiwa asiye na wakili, kwa Kiswahili cha kawaida na mapema kabisa, kwamba kama anasema alikuwa mahali pengine sasa ndio wakati wa kutaja ni wapi na nani walimwona. Na majibu yake yaandikwe katika mwenendo wa shauri. Tangu mwaka 2021 sheria imeifanya lugha yetu kuwa lugha ya mahakama, kwa hiyo kisingizio cha istilahi ngumu kimekwisha.

La pili, maelezo ya alibi aliyoyatoa mtuhumiwa polisi yahesabiwe kuwa taarifa. Jamhuri haiwezi kulalamika kwamba imeshtukizwa na neno lililo katika jalada lake yenyewe.

La tatu, taarifa ikishapokewa, upande wa mashtaka uwajibike kuieleza mahakama ulichofanya: ulimtuma nani, alikwenda wapi, aliambiwa nini. Ukikaa kimya, na kimya hicho kipimwe, kama kinavyopimwa cha mshtakiwa.

Hayo yanahitaji Bunge kwa sehemu, lakini mengine yanaweza kuanza kesho. Hakimu hahitaji marekebisho ya sheria ili kuuliza swali moja la ziada siku ya usikilizwaji wa awali. Mwendesha mashtaka hazuiwi na kifungu chochote kumwagiza mpelelezi apite Shimoni. Mwanafunzi wa sheria anayetembelea mahabusu wakati wa mafunzo kwa vitendo anaweza kuwaandikia taarifa ya alibi kwenye ukurasa mmoja: tarehe, saa, mahali, majina, na namna ya kuwapata waliotajwa. Nimeona ukurasa kama huo ukibadilisha sura ya kesi.

Kwa miaka mia moja watu wa Kariakoo wameulizwa walikuwa wapi, na wamejibu. Sheria iliyowataka wajibu mapema iliwaahidi kwamba mtu atakwenda kuangalia. Ahadi hiyo ilitolewa na majaji wa kikoloni mwaka 1939, na sisi tulio huru hatuna sababu ya kushindwa kuitimiza.